Nilivyokwenda Bisil Kuchoma Nyumba

Kitengela

Kwanza nilisikia mitungi. Mitungi mitupu ya maji, ikigongana juu ya mkokoteni wa punda mahali fulani chini ya dirisha langu, na kabla sijafumbua macho nikajua kwamba kumekucha, kwamba mifereji imekauka tena, na kwamba siku ya safari imefika. Nilibaki kitandani nikisikiliza mpaka sauti ikapotelea upande wa barabara ya Namanga. Halafu nikaamka, nikachemsha chai ya mtu mmoja.

Mmeniuliza, nyinyi wa kikundi chetu cha kusomeana hadithi, kilichonipata huko Kajiado hata nikarudi na mikono iliyopasuka na filamu nisiyotaka kuizungumzia. Nimejaribu kuwasimulia kwa mdomo mara mbili, na mara zote mbili nimeishia kuwachekesha. Kwa hiyo naandika.

Mnajua riwaya hainilishi. Kinachonilisha ni kubuni mandhari ya filamu. Mhusika akiingia chumbani, mimi ndiye niliyeamua ni kikombe gani kiwe mezani na ufa wake utazame upande gani. Filamu hii ya mwongozaji Kizito ilikuwa ya kwanza mimi kukabidhiwa kazi hiyo peke yangu. Ni hadithi ya mjane wa Kimaasai ambaye shemeji zake wanauza ardhi, kisha wanaichoma nyumba yake ili aondoke. Nyumba ikiungua, filamu inaisha. Mimi nilitakiwa kuleta hiyo nyumba.

Mwezi mmoja kabla, nilikuwa nimekwenda ng'ambo ya Bisil, kwenye boma la Mzee Koinet, naye akanipa mahali pa kujenga. Aliyejenga ni dada yake, Ng'oto Naserian, yaani mama yake Naserian, kwa sababu kwa Wamaasai nyumba ni kazi ya wanawake, tangu kukata fito mpaka kupaka samadi na udongo. Ilipokauka ilikuwa nyumba nzuri, na uzuri huo ukanitia wasiwasi. Ilikuwa mpya mno. Unaweza kupaka masizi ya uongo, lakini kamera huyajua. Kwa hiyo kabla ya kuondoka nilimwomba Ng'oto Naserian apike humo na alale humo, mpaka kuta ziwe nyeusi na zinuke watu.

"Nilale?" aliniuliza.

"Ulale, yeyo," nikasema. Yeyo ni mama kwa Kimaasai.

"Niwashe moto yangu?"

"Uwashe."

Aliniangalia kwa muda mrefu kuliko swali lenyewe. Mimi nikaondoka nikijisifu kwa akili niliyotumia.

Sasa nilikuwa narudi na vitu vya kujaza nyumba hiyo: sanduku la bati lenye kutu, koroboi mbili, sufuria zilizotoboka, blanketi nililoliloweka kwenye chai ili lionekane limezeeka. Mzee Mutiso, dereva wa pikapu, alivifunga kwa kamba huku akitikisa kichwa.

"Mwiitu," akasema, kwani ni Mkamba mwenzangu na huniita binti, "nyumbani kwangu vitu kama hivi tulitupa. Ungeniambia nikuletee bure."

Hakuna mtu aliyenipungia mkono. Mlinzi wa ghorofa yetu alifungua lango bila kuinua macho kutoka kwenye simu yake. Miaka minne naishi hapo, na hajui jina langu, wala mimi lake.

Isinya

Kabla ya kufika Isinya tulisimama mara mbili. Mara ya kwanza ilikuwa ng'ombe, kundi refu lililovuka lami kama lina siku nzima ya kuvuka. Mara ya pili ilikuwa gurudumu. Mutiso akalala chini ya gari, mimi nikakaa kwenye jiwe nikitazama nyua za waya zinavyokwenda mpaka upeo wa macho, kila mraba na kibao chake cha kuuzwa. Upepo ulipita kwenye waya ukitoa mlio mwembamba. Nilitoa simu nimpigie mtu nimwambie kuhusu mlio huo. Nikapitia majina, nikairudisha mfukoni.

Isinya tulikula chapati na maharagwe kwa mama mmoja mwenye meza mbili. Nyuma yake, juu ya rafu, niliona kibuyu cha maziwa, kimekolea weusi wa moshi na mafuta ya mikono, mshipi wake wa ngozi umeshonwa upya zaidi ya mara moja. Moyo ukaruka. Huwezi kutengeneza kitu kama hicho kwa mwaka mzima.

"Mama, hicho kibuyu unaweza kuniuzia?"

"Hiki? Hiki ni kizee. Niko na zingine mpya, za shanga."

"Nataka hicho. Nakipenda hivyo kilivyo kichafu."

Uso wake ukabadilika. "Kichafu? Umeona uchafu wapi kwangu?"

Mutiso alijaribu kunisaidia. "Mama, usikasirike. Huyu ni mtu wa sinema. Wao wanapenda vitu mbaya."

"Kwa hivyo yangu ni mbaya?"

Nilieleza kwa dakika nyingi. Nikaeleza kamera, nikaeleza masizi, nikaeleza kwamba uzee ndio uzuri. Mwishowe alilainika, akakubali, akaingia nacho nyuma. Tulimaliza chai tukingoja. Alipotoka alikuwa anatabasamu kwa fahari, kibuyu kimesuguliwa kwa majivu na maji moto mpaka kikawa cha rangi ya asali, kinang'aa kama siku kilipochumwa.

"Siwezi kukupa kitu ya nyumba yangu bila kuosha," akasema. "Watasema nini huko kwa sinema?"

Nilikipokea kwa mikono miwili. Mutiso alisubiri tukaingia garini ndipo akacheka, akacheka mpaka akashindwa kuwasha injini.

Kajiado

Kajiado tulikaa siku mbili tusizopanga. Springi ya pikapu ilikuwa imekatika na fundi aliyeijua alikuwa amekwenda mazishini. Mutiso alipata watu wa kwao kazini kwenye machimbo akahamia huko. Mimi nikabaki.

Asubuhi nilizunguka soko la mifugo nikitazama wanaume waliosimama wameegemea fimbo zao, wakizungumza bei bila kuangaliana. Mchana nilikula nyama ya mbuzi kwenye bucha, kwenye ubao wa mtu mmoja, na yule mkataji akaniuliza, "Wengine wanakuja?" Nikasema ndiyo, wanakuja. Sijui kwa nini nilisema hivyo. Akaniletea chumvi na pilipili za watu wanne na ikabidi nikae pale muda mrefu, nikiangalia mlango kama mtu anayengoja kweli.

Jioni Kizito alipiga simu. Kizito ni mtu wa haraka, si mtu mbaya.

"Ijumaa niko huko na kamera. Nyumba iko?"

"Iko. Imekaa mwezi mzima na moto ndani."

"Safi. Tunaichoma na kila kitu ndani. Sitaki ionekane ni maigizo, Mwende. Nataka mtu akiona hiyo moshi aende apigie mama yake simu."

Nilifurahi. Lazima niseme ukweli huo kwa sababu nyinyi ni marafiki zangu. Nilirudi chumbani kwenye nyumba ya wageni nikichora kwenye daftari mahali pa kila sufuria, nikiwaza moto utaanzia wapi.

Ng'ambo ya Bisil

Tuliacha lami Bisil, tukafuata njia ya vumbi kwa saa tatu. Mutiso alisimamisha gari kwenye kivuli cha mgunga, nami nikatembea kwenda kwenye nyumba yangu. Ndivyo nilivyoiita kichwani mwangu, nyumba yangu.

Moshi ulikuwa unatoka polepole kwenye kitundu cha ukutani. Kuta zilikuwa zimeshika rangi ile niliyoiota. Nje kulikuwa na kuni zimepangwa, na ngozi ya mbuzi imewambwa juani. Ng'oto Naserian akatoka ameinama, akanyooka. Nikainamisha kichwa akanigusa utosini, kama mkubwa anavyomsalimia mdogo.

"Supa, nkerai," akanisalimia, akiniita mtoto kwa Kimaasai. "Karibu kwangu."

Ndani nilingoja macho yazoee giza. Mafiga matatu. Ndama mdogo amefungwa kwenye kona yake, akinitazama. Kitanda cha fito na ngozi, na juu yake shuka mbili zimekunjwa vizuri. Vibuyu vyake sita vimepangwa. Picha ya binti yake Naserian, aliyeolewa mbali, imechomekwa kwenye fito.

"Umeona?" akasema akimimina chai ya maziwa. "Imekuwa nyeusi vile ulitaka. Sasa hizo vitu zako zote utaweka wapi? Mimi niko na zangu."

Nilishika kikombe.

"Miaka mbili nimelala jikoni kwa mke wa ndugu yangu," aliendelea, bila uchungu, kama mtu anayeeleza hali ya hewa. "Ukigeuka unapiga sufuria. Mwanamke akirudi kwao, nani atamwambia jenga? Atajenga mahali ya nani? Halafu wewe ukakuja ukasema jenga. Ukasema washa moto."

Nilitoka nikamtafuta Mzee Koinet. Alikuwa anakagua miguu ya mbuzi. Tulikuwa tumekubaliana naye mwezi uliopita kwamba siku ya mwisho nyumba itachomwa, na nilikuja kwake nikiwa na hakika atalimaliza jambo hili kwa neno moja.

"Mimi nilikupa mahali," akasema. "Nyumba sikukupa. Mimi sina nyumba. Hata hapo nalala ni kwa mke wangu, akinifungia nje leo nitalala na hawa mbuzi. Nyumba ni ya yule ameipaka na akawasha moto. Enda muulize."

"Lakini Mzee, ulikubali tuichome."

"Nilikubali mchome nyumba yenu." Akamwachia mbuzi mguu. "Nyumba yenu iko wapi?"

Nilirudi ndani. Hakuna namna ya kulisema jambo kama hilo vizuri, nikalisema tu. "Yeyo, kwenye filamu nyumba inachomwa."

"Nilisikia. Nilidhani ni uongo ya sinema. Si watu wenu wanakufa halafu wanaamka, wanakula chakula?"

"Nyumba haiamki."

Alisogeza kuni. Ndama akakohoa. "Ile yangu ya kwanza ilivunjwa na tingatinga," akasema, "shamba ilipouzwa. Lakini hao walikuwa wameniambia nitoke. Wewe uliniambia niingie."

Nilipanda kichuguu kutafuta mtandao, nikampigia Kizito. Ilikuwa Jumatano.

"Si yetu vipi? Si tumeijenga?"

"Ng'oto Naserian ndiye ameijenga. Nilimwambia alale ndani, akalala. Kwao hiyo inatosha. Ni kosa langu."

Akapumua. "Mwende, wacha ushairi. Ijumaa nachoma nyumba. Nyumba gani, hiyo ni shida yako. Lakini nikiona nyumba ya maboksi, tafuta kazi ingine."

Nyuma ya boma

Ilibidi tujenge nyingine ya kuchoma. Mutiso alikata fito, akazikita ardhini na kuzipinda, akazisuka. Alikuwa na haraka na hasira kidogo, kwa sababu alikuwa amepanga kuwa Machakos mwisho wa wiki. Kufikia Alhamisi asubuhi mifupa ya nyumba ilikuwa imesimama, mita mia mbili kutoka kwa Ng'oto Naserian. Nikaenda kwake na kwa mke wa Mzee na jirani yao mmoja, nikawaomba waje kupaka.

"Hapana," Ng'oto Naserian akasema.

"Yeyo, ni ili yako ibaki."

"Najua. Lakini ya kuchoma siwezi kupaka. Mikono itaniuliza hii ni ya nani, nitajibu nini? Paka wewe. Sisi tutakuja kuangalia."

Wakaja kuangalia. Wakakaa chini na vikombe vyao vya chai kama watu waliokuja harusini, na mimi nikapiga magoti kwenye samadi mbichi nikaichanganya na udongo na majivu kwa mikono mitupu. Ilikuwa ya moto kuliko nilivyodhani. Konzi la kwanza nililobandika ukutani likaanguka. La pili likaanguka pia.

"Mkamba anapika ugali!" jirani akapiga kelele.

"Usipapase! Gonga! Hiyo si mtoto amelala!" Ng'oto Naserian akasema.

"Wacha apapase, labda itaolewa," mke wa Mzee akasema, na wote watatu wakaegemeana kwa kicheko.

Nikagonga. Saa zikapita na mkono ukaanza kujua. Unabandika kwa kisigino cha kiganja, unavuta kuelekea juu, unaziba nyuma ya ufito kwa vidole viwili. Ng'oto Naserian hakugusa udongo hata mara moja, lakini alisimama nyuma yangu mchana kutwa akisema hapo, na hapo, na pale umeacha jicho. Ngozi ya vidole vyangu ikapasuka. Mutiso akaja kutazama, akaingiza kichwa, akakitoa.

"Mwiitu, mvua ikinyesha mimi nitalala kwa gari."

Lakini ilikuwa nyumba. Ilikuwa imepinda upande mmoja, na kitundu cha moshi kilikuwa kikubwa mno, lakini ukiingia jua linakoma na upepo unakoma. Niliwasha moto ndani ili udongo ukauke na weusi uanze. Niliingiza sanduku langu la bati, koroboi, sufuria, kile kibuyu cha rangi ya asali, ambacho sasa moshi ulianza kukisamehe. Nikatandika blanketi la chai. Nilikuwa nikipanga kwa ajili ya kamera, kama nilivyofanya mara mia, kisha nikajikuta nimekaa kando ya moto na sijui nimekaa kwa muda gani. Vyumba vyote nilimowahi kulala nilivikuta vimeshajengwa na watu nisiowajua. Nilivipanga, nikavitoka, na mtu mwingine akapaka rangi juu ya alama za misumari yangu.

Ng'oto Naserian akachungulia. Akagonga ukuta kwa kifundo cha kidole, akasikiliza.

"Sasa uko na nyumba," akasema.

"Ni ya mpaka kesho tu, yeyo."

"Hata kama. Lakini usiseme ni ya huyo Kizito. Wewe ndiye umepaka."

Ijumaa

Kizito alifika na magari mawili, akaruka chini na kwenda moja kwa moja kwenye nyumba isiyo yetu. "Hii! Mwende, hii ndiyo!" Akainama achungulie. Ng'oto Naserian alikuwa amekaa ndani karibu na mlango, anakisukia kibuyu mfuniko wa ngozi. Akamtazama. Akaendelea kusuka. Sikusikia Kizito alimwambia nini, lakini alirudi akitembea polepole, akaivua kofia yake akaivaa tena.

"Nionyeshe ile ingine," akasema.

Aliizunguka mara mbili. "Imepinda."

"Ndiyo."

"Ni nzuri. Inaonekana mtu aliijenga akiwa peke yake."

Kamera zikapangwa. Yule mwigizaji wa shemeji akapewa kijinga cha moto. Ndipo Mzee Koinet, aliyekuwa amesimama na watu wa boma pembeni, akainua fimbo yake.

"Ngojeni. Mwenye nyumba amekubali?"

Watu wa filamu wakatazamana. Mmoja akaanza kucheka, akaacha. Watu wa boma hawakuwa wanatazamana. Walikuwa wananitazama mimi, wote, na uso wa Ng'oto Naserian ukiwa kati yao, bila mzaha hata kidogo. Nilielewa kwamba nikisema hapana wangenisimamia. Mzee angeteremsha fimbo yake mbele ya huyo mwigizaji, na Kizito angerudi Nairobi bila mwisho wa filamu yake, na nyumba iliyopinda ingebaki pale nyikani na vitu vyangu ndani. Sijawahi kupewa nguvu kama hiyo na mtu yeyote. Na ningefanya nini nayo? Ningekaa humo na nani? Na kama hii isingechomwa, nilijua macho ya kila mtu yangegeuka tena upande wa ile nyingine.

"Nimekubali," nikasema.

Samadi ilikuwa bado na unyevu, kwa hiyo kwanza ulikuja moshi tu, mweupe, mzito, ukitambaa juu ya paa kama unatafuta njia. Halafu fito zikashika. Kizito alikuwa ananong'ona, usikate, usikate. Nilisikia sanduku la bati likilia kwa joto. Haikuchukua hata robo saa. Paa likaketi, na wale wa filamu wakapiga makofi.

Ng'oto Naserian akaja akasimama kando yangu, mabega yetu yakigusana.

"Pole," akasema, kwa sauti ile tunayotumia kumpa mtu pole nyumbani kwake. Ni yeye peke yake aliyesema.

Kuondoka

Watu wa kamera waliondoka kwanza. Mutiso alipokuwa anafunga kamba, pikapu ikiwa tupu sasa, Ng'oto Naserian alinivuta kwake kunywa chai. Alinipaka mafuta ya ng'ombe kwenye mipasuko ya vidole, mmoja baada ya mwingine, akipuliza. Ndama alikuwa amelala.

"Lala hapa leo," akasema. "Kitanda ni kubwa."

Nilitaka sana. Nje Mutiso alipiga honi, mara moja, kisha mara ndefu.

"Ananingoja, yeyo."

"Basi enda. Ukirudi, njia unaijua."

Niliinamisha kichwa akanigusa. Nikatoka nimeinama kupitia kipito chembamba cha kuingilia, nikanyooka juani. Alinifuata mpaka mlangoni tu, kwa sababu maziwa yalikuwa motoni. Upepo ulikuwa umegeuka, ukija kutoka nyuma ya boma, na vipande vyeusi vyepesi vilikuwa vinapita hewani baina yetu na kutua kwenye kizingiti chake.

"Majivu yanaingia," akasema, akitazama miguuni pake. "Olesere, nkerai. Safari njema."

"Olesere, yeyo."

Nilikuwa sijafikia gari niliposikia mlango ukifungwa nyuma yangu, na komeo la mti likiingia mahali pake.